Mlango wa baba: kesi ya 1908 iliyoamua nani ni Mparsi

Mwaka 1903, mjini Bombay, Mumbai ya leo, kuhani mkuu Dastur Kaikhusru Jamaspji alimvalisha mwanamke wa Kifaransa shati jeupe la pamba na kumfunga mshipi wa sufu kiunoni. Shati hilo huitwa sudre. Ni jepesi, halina nakshi, na shingoni kwa mbele lina kifuko kidogo ambacho hata sarafu hakikai vizuri. Watoto wa Kiparsi, yaani wa Wazoroasta wa India wenye asili ya Uajemi, hufundishwa kwamba humo ndimo mtu anamoweka matendo yake mema. Mshipi ni kusti. Umefumwa kwa nyuzi 72, sawa na sura 72 za Yasna, maandiko yanayosomwa katika ibada yao kuu. Huzungushwa kiunoni mara tatu, ukafungwa mafundo huku sala ikisomwa, na tangu siku hiyo mwenyewe huufungua na kuufunga upya kila siku mpaka anakufa.

Ibada yenyewe inaitwa navjote. Kwa kawaida ni ya watoto: miaka saba, tisa, kumi na moja, ndugu wamejaa, pipi zimejaa. Suzanne Brière alifanyiwa akiwa mtu mzima, mbele ya watu ambao wengi wao hawakuwa wamewahi kuona jambo kama hilo. Kisha akaozwa kwa taratibu za Kiparsi kwa Ratanji Dadabhoy Tata, mfanyabiashara wa ukoo ambao jina lake leo linajulikana dunia nzima.

Kwa imani, basi, alikuwa amemaliza. Amekiri, amevaa, amefunga. Ila swali lililofuata halikuhusu imani hata kidogo. Je, mwanamke huyu sasa ni wetu? Anaweza kuingia kwenye nyumba ya moto, hekalu letu, kusali? Akifa, maiti yake itapokelewa kwenye mnara wa Malabar Hill, ambako maiti huachwa wazi kwa ndege, pamoja na maiti zetu? Miaka mitatu baadaye swali hilo lilikuwa mezani pa Mahakama Kuu ya Bombay, na jibu lililotoka Novemba 1908 linawatawala Waparsi hadi leo.

Nimeisoma kesi hii mara nyingi, na kila ninapoirudia naona jambo lilelile: mahakama ilikubali kwamba dini ina mlango, kisha ikakabidhi ufunguo kwa ukoo.

Sisi wa pwani hatuhitaji kufafanuliwa sana hapa. Mzee wa Mji Mkongwe akikwambia fulani ni Khoja, au Bohora, au Baniani, au Mgoa, amekutajia kwa neno moja asili ya mtu, lugha ya nyumbani kwake na pahali anaposali. Hukuhitaji kuuliza swali la pili. Mparsi naye alikuwa kwenye orodha hiyo. Waparsi walikuwepo Unguja tangu karne ya 19, wakafanya kazi za serikali na za biashara, wakawa na nyumba yao ya moto na makaburi yao. Farrokh Bulsara, ambaye dunia inamjua kama Freddie Mercury, alizaliwa Unguja mwaka 1946 katika familia ya namna hiyo, na baba yake alikuwa karani wa fedha serikalini. Na kwenye lugha yetu kuna neno la zamani zaidi linalowahusu. Biblia ya Kiswahili inasema mamajusi wa mashariki walifika Yerusalemu wakimtafuta mtoto. Qurani nayo inawataja Majusi katika Sura ya Hajj pamoja na Mayahudi, Masabii na Wakristo. Majusi ni hawahawa, wafuasi wa nabii Zoroasta. Katika maandiko hayo Majusi ni watu wa dini. Mparsi wa kwenye vibaraza vya Unguja alikuwa mtu wa kabila. Kisa cha Suzanne kinakaa katikati ya maneno hayo mawili.

Kabila lenyewe lilianza kama msafara wa wakimbizi. Baada ya Uajemi kuangukia mikononi mwa Waislamu katika karne ya 7, baadhi ya Wazoroasta waliondoka, na kwa mapokeo yao wenyewe wakatia nanga Sanjan, pwani ya Gujarat. Utenzi wa Kiajemi uliotungwa mnamo 1599 unasimulia jinsi mfalme wa huko, Jadi Rana, alivyowapa masharti: waieleze dini yao, waseme lugha ya nchi, wanawake wavae mavazi ya nchi, waweke silaha chini, harusi zao wafanye jioni. Wakakubali yote. Kuna hadithi nyingine, haimo kwenye utenzi huo lakini kila Mparsi anaijua: mfalme aliwapelekea bakuli la maziwa lililojaa hadi ukingoni, maana yake nchi imejaa, hakuna nafasi. Kuhani wao akatia sukari ndani. Maziwa hayakumwagika, yakawa matamu tu.

Ni hadithi nzuri na naipenda. Lakini isikilize tena kwa sikio la kesi hii. Sukari ikiingia kwenye maziwa, haionekani tena. Waparsi walifanya kinyume. Walisema Kigujarati, walivaa sari, wakaheshimu desturi za majirani, na kwa karne zote hizo wakabaki wanaonekana, kwa sababu walioana wao kwa wao na hawakumwita mtu wa nje kwenye dini yao. Baadhi yao husimulia kwamba kutoingiza watu lilikuwa sharti la mfalme. Utenzi hausemi hivyo. Sharti hilo, kwa maoni yangu, walijiwekea wenyewe, na walikuwa na sababu: ugenini, wachache, bila jeshi, ungewaendea watoto wa wenyeji na kuwabadili dini kwa ujasiri gani?

Ikaja Kampuni ya Waingereza, ukaja mji wa Bombay, na wakimbizi wakawa matajiri. Walijenga meli, wakauza pamba na kasumba China, wakaanzisha viwanda na mabenki. Na matajiri wa Kiparsi walitoa. Hapa ndipo kesi inapozaliwa, kwa hiyo tuangalie kwa karibu. Walichotoa kiliwekwa wakfu: nyumba za moto, ambazo wao huziita agiari, minara ya maiti, dakhma, juu ya kilima cha Malabar chenye miti mingi, fedha za kusomesha, kulisha maskini, kuuguza wagonjwa, baadaye majengo ya makazi ya gharama nafuu. Msimamizi wa sehemu kubwa ya mali hiyo ni Panchayati, yaani baraza, ya Waparsi ya Bombay, ambayo hata leo ina maelfu ya nyumba katika mji ambao chumba kimoja ni ndoto kwa mtu wa kawaida. Hati nyingi za wakfu hizo zilisema mali ni kwa ajili ya Waparsi wenye imani ya Zoroasta, au maneno yanayokaribia hayo. Aliyeandika hati mwaka 1830 hakuona haja ya kueleza zaidi. Mparsi ni nani? Si anajulikana!

Navjote ya Suzanne ndiyo iliyowalazimisha waeleze.

Wadhamini wa Panchayati, wakiongozwa na Sir Jamsetji Jijibhai, walikataa. Mtu aliyeingizwa dini kutoka nje, walisema, hana haki kwenye agiari wala dakhma wala senti ya wakfu. Upande wa pili alisimama Sir Dinshaw Petit na wenzake, nao ni matajiri wa jamii hiyohiyo, na mwaka 1906 wakafungua kesi. Madai yalikuwa mawili. La kwanza, kwamba wadhamini wenyewe hawakuteuliwa kihalali. La pili, kwamba mtu aliyepokelewa kwa navjote ni Mzoroasta kamili na ana haki kama wengine. Dai la kwanza lilikuwa na uzito wake kisheria, lakini hakuna anayelikumbuka leo. Ninaliacha.

Majaji walikuwa wawili. Dinshaw Davar, mwenyewe Mparsi wa msimamo wa kimapokeo, ndiye huyohuyo aliyemhukumu Tilak, mwanaharakati wa uhuru wa India, kifungo cha miaka sita mwezi Julai mwaka huohuo wa 1908. Wa pili, Frank Beaman, Mwingereza. Fikiria hali ilivyokuwa: jaji mmoja anaamua suala la jamii ambayo mama yake na watoto wake wamo ndani, mwingine anaamua suala la watu ambao hajawahi kula nao msibani. Mashahidi waliitwa, makuhani wakahojiwa, maandiko ya Avesta yakafunguliwa na kubishaniwa kama vile mahakama ni chuo cha dini.

Jibu la kwanza la mahakama lingemfurahisha Suzanne. Dini ya Zoroasta, kwa maandiko yake, inaruhusu kupokea watu wa nje. Nabii mwenyewe alianza na mtu mmoja mmoja akiwashawishi waache ya zamani. Asingepokea mgeni, angebaki peke yake. Hilo majaji walilikubali.

Jibu la pili ndilo lililoamua. Mahakama ilisema: haijalishi dini inaruhusu nini, tazameni Waparsi wa India wamefanya nini. Tangu watie nanga hakuna desturi iliyothibitika ya kumwingiza mgeni kabisa na kumpa haki zote. Aliyetoa mali yake wakfu alikuwa na watu fulani kichwani, nao ni watu wa damu yake. Beaman aliandika kwamba baada ya karne nyingi za kuishi kati ya Wahindu, Waparsi walikuwa wamepata fikra za tabaka, na kwamba neno Mparsi limekuwa jina la kundi la kuzaliwa. Davar akaweka mipaka ya jamii hiyo katika mafungu matatu. Naieleza kwa maneno yangu. Kwanza, wazao wa wale wahamiaji wa Uajemi, waliozaliwa na wazazi wote wawili Wazoroasta, na wanaoikiri dini hiyo. Pili, Wairani, yaani Wazoroasta waliokuja India baadaye kutoka Uajemi, kwa muda au kwa kukaa. Tatu, watoto wa baba Mparsi na mama wa nje, ilimradi wamepokelewa kwenye dini kwa utaratibu unaokubalika.

Soma tena fungu la tatu. Baba Mparsi, mama wa nje: mtoto anaingia. Mama Mparsi, baba wa nje: hayumo. Hakuna fungu la nne.

Na Suzanne hayumo popote. Kifuko cha shingoni anacho, kusti anayo, sala anazisoma. Hayumo.

Kuna jambo ambalo wanasheria wa Kiparsi wamelipigia kelele kwa zaidi ya miaka mia moja. Suzanne hakuwa mdai wala mdaiwa kwenye kesi hiyo. Mahakama haikuwa na mgeni aliyeingia mbele yake anayedai haki yake mwenyewe, kwa hiyo maelezo ya nani ni Mparsi yalikuwa maneno ya kando, si uamuzi wenye nguvu ya kumfunga mtu. Kisheria wana hoja. Kimaisha, haikusaidia. Maneno ya Davar yalinukuliwa na wadhamini, yakanukuliwa na mahakama zilizofuata, yakaingia kwenye barua za kukataliwa na mabango ya getini, na mtoto wa Kiparsi wa leo anaweza kuyataja yale mafungu matatu bila kujua kwamba chanzo chake ni jaji wa enzi ya mkoloni.

Sasa, ni rahisi kuwaona Panchayati kama watu wa chuki, na nadhani kufanya hivyo ni kukosea. Hofu yao ilikuwa na sura mbili, na moja kati ya hizo naiheshimu. Jamii ambayo haikufika watu laki moja na nusu, katikati ya mamilioni, ilikuwa imeokoka kwa kufunga mlango. Kila kizazi kilikuwa kimekabidhiwa moto uliobebwa kutoka mbali. Moto wao mkuu, Iranshah, uko Udvada tangu 1742 na haujaachwa uzimike. Mtu aliyepewa amana ya namna hiyo akiambiwa afungue mlango, kwanza atauliza: nikifungua, nitaweza kuufunga tena? Sura ya pili ya hofu hiyo ni ya mali, na haikufichwa. Ushahidi na hoja za kesi zilirudi tena na tena kwenye wasiwasi kwamba maskini wa tabaka za chini watabadili dini ili wapate chakula, makazi na fedha za wakfu. Suzanne alikuwa tajiri, hakuhitaji bakuli la wali la mtu. Lakini alihukumiwa kwa niaba ya mafukara ambao wala hawakuwa wamebisha hodi.

Hapo ndipo ninapoona tatizo la hukumu hii. Swali lilikuwa la wakfu: mtoa mali alimkusudia nani? Hilo ni swali halali, na mahakama yoyote ingeweza kulijibu kwa kusoma hati moja moja. Ila jibu lilitanuliwa mpaka likawa jibu la swali jingine kabisa: nani anaruhusiwa kumwabudu Ahura Mazda, Mungu wao, mbele ya moto? Kwa kuwa agiari yenyewe ni mali ya wakfu, na dakhma ni mali ya wakfu, aliyenyimwa wakfu amenyimwa ibada. Hakuna aliyemwambia Suzanne asiamini. Aliambiwa tu kwamba kila pahali imani hiyo inapotendeka pana mwenye nyumba, na mwenye nyumba hamjui.

Ukitaka kuona jinsi kanuni ya baba inavyofanya kazi, zitazame nyumba mbili zilezile zilizohusika. Suzanne alimzaa Jehangir Ratanji Dadabhoy mjini Paris mwaka 1904. Huyu ndiye J. R. D. Tata, aliyeanzisha mwaka 1932 shirika la ndege lililokuja kuwa Air India, akaongoza kampuni za Tata tangu 1938 kwa zaidi ya miaka hamsini, akapewa nishani ya juu kabisa ya India, Bharat Ratna, mwaka 1992. Mparsi maarufu kuliko wengi. Mama yake, aliyevalishwa sudre kabla mwana hajazaliwa, kwa hukumu ya 1908 si Mparsi. Mwana ni Mparsi kupitia fungu la tatu. Suzanne alifariki 1923.

Nyumba ya pili ni ya Sir Dinshaw Petit, mdai mkuu, mtu aliyekwenda mahakamani kutaka mlango ufunguliwe. Mwaka 1908 alikuwa na binti wa miaka minane, Rattanbai, ambaye nyumbani walimwita Ruttie. Ruttie alipofika umri wa kupendwa alimpenda Muhammad Ali Jinnah, wakili Mwislamu, rafiki wa baba yake, aliyemzidi miaka zaidi ya ishirini. Sir Dinshaw alikwenda tena mahakamani, safari hii kuomba amri ya kumzuia Jinnah asikutane na binti yake ambaye hajatimiza umri. Ruttie akasubiri. Alipotimiza miaka 18 alisilimu, na Aprili 1918 akaolewa. Baba yake alikata uhusiano, na jamii ya Waparsi ikamtenga. Alikufa siku aliyotimiza miaka 29, Februari 1929, akazikwa makaburi ya Waislamu Bombay.

Simsimangi Sir Dinshaw. Mtu anaweza kuamini kwa dhati kwamba wageni wapokelewe na bado akavunjika moyo mwanawe anapotoka. Ninachokiona ni kwamba alikuwa radhi watu waje na hakuwa radhi mtu aondoke, wakati mahakama haikuwa radhi watu waje na haikuwa na la kusema juu ya anayeondoka. Ila jamii ililisema: binti akiolewa nje, amekwenda, na watoto wake pia. Na kuna jambo ambalo hakuna mtunzi wa riwaya angethubutu kulitunga. Baadaye mtoto wa kiume wa Sir Dinshaw, kaka yake Ruttie, alimwoa Sylla Tata, binti wa Suzanne. Mjukuu wa ndoa hiyo ni Mparsi kwa baba, hakuna wa kumuuliza lolote.

Hukumu ya Bombay ilisafiri. Rangoon, Burma, kulikuwa na mtoto yatima aliyeitwa Bella, mama yake Mparsi, baba yake Mkristo wa Kigoa, akalelewa na familia ya Kiparsi. Mwaka 1914 alifanyiwa navjote na kuingizwa kwenye nyumba ya moto ya mji huo. Baadhi ya waumini wakashtaki. Kesi ilipanda ngazi baada ya ngazi hadi Baraza la Mfalme London, mahakama ya mwisho ya dola yote, ambayo mwaka 1925 ilisema Bella hana haki ya kudai kuingia. Mtoto aliyelelewa ndani ya dini, asiyejua nyingine, damu ya mama yake ni ileile ya Sanjan. Iliyokosekana ni ya baba.

Kesi ya Bella ndiyo inayonionyesha wazi kwamba damu haikuwa kipimo hasa. Ingekuwa damu, nusu ya mama ingelingana na nusu ya baba. Pwani yetu ina neno linalofaa hapa. Waswahili wa miji ya kale wakimuuliza mtu nasaba yake humuuliza ni wa mlango gani, na mlango huo mara nyingi ni wa baba. Mlango wa ukoo na mlango wa nyumba ni neno moja. Davar hakujua Kiswahili, lakini hicho ndicho alichokiandika.

Miaka ikapita, dola ikaondoka, India ikapata katiba inayokataza ubaguzi wa jinsia. Mafungu matatu yakabaki. Mwaka 1991 mwanamke Mparsi wa Gujarat, Goolrokh Gupta, aliolewa na Mhindu chini ya Sheria Maalumu ya Ndoa ya 1954. Sheria hiyo ilitungwa mahususi ili watu wa dini mbili waoane bila yeyote kati yao kubadili dini. Hakubadili. Aliendelea na kusti yake. Lakini mjini Valsad, walikokuwa wazazi wake, utaratibu wa anjumani, chama cha Waparsi wa mji huo, ulikuwa kwamba mwanamke aliyeolewa nje haingii tena kwenye sala za maziko, na Goolrokh aliona wanawake wengine walivyozuiwa. Alikwenda mahakamani wazazi wake wakiwa hai bado. Hebu lione hilo lilivyo: mtoto anaomba, mapema, aruhusiwe kukaa karibu na maiti ya mama yake siku itakapofika. Kwa Waparsi maiti ikishaoshwa na kufanyiwa ibada, asiye wao haruhusiwi hata kuutazama uso. Aliyekataliwa hukaa pembeni, mbali na sala, pamoja na majirani na wafanyakazi wenzake marehemu.

Mwaka 2012 Mahakama Kuu ya Gujarat ilimkatalia. Ilisema mwanamke akiolewa huhesabiwa kuwa amechukua dini ya mumewe, mpaka kuwe na tamko rasmi la vinginevyo. Nilipoisoma hukumu hiyo mara ya kwanza nilirudi nyuma kuhakikisha ni ya 2012 kweli. Sheria ile ya 1954 ilitungwa kwa ajili ya kuzuia jambo hilohilo. Mwanamume Mparsi akioa nje, hakuna anayesema amekuwa Mhindu. Anaingia agiari kesho yake asubuhi.

Wakati huohuo idadi inashuka. Sensa ya 1941 ilihesabu Waparsi wapatao 115,000 India. Ya 2001 ilikuta 69,601. Ya 2011, 57,264. Wengi huoa na kuolewa wakiwa na umri mkubwa, au hawaoi kabisa, wengine wamehamia Uingereza, Canada na Marekani. Mwaka 2013 serikali ya India ilianzisha mpango wa kuwasaidia Waparsi wapate watoto, uitwao Jiyo Parsi, kwa gharama za matibabu ya uzazi na kampeni za kuhimiza ndoa. Nchi yenye watu zaidi ya bilioni moja inatoa fedha ili kundi moja liongezeke! Na bado mtoto wa mwanamke Mparsi aliyeolewa nje, mtoto aliye hai, anayetaka kuingia, anazuiwa mlangoni sehemu nyingi. Wale wa msimamo wa kimapokeo hujibu kwamba bora kuisha wakiwa wao kuliko kuzidi wakiwa wengine. Wanalisema hilo kwa moyo, nimelisikia likisemwa na machozi yakitoka, na sidhani ni haki kulicheka. Ila hao wengine ni akina nani? Ni wajukuu wao.

Kwingineko dini hiyohiyo inakwenda njia nyingine. Huko Marekani, mwaka 1983, Mmarekani asiye na asili yoyote ya Uajemi alifanyiwa navjote mjini New Rochelle na makuhani Waparsi, na vita vya maneno vikapigwa hadi Bombay. Katika Kurdistan ya Iraq serikali ya mkoa imewatambua Wazoroasta rasmi tangu 2015, na Wakurdi waliozaliwa Waislamu wanafunga kusti. Nao, ukiwauliza sababu, wengi husema wanarudi kwenye dini ya mababu wa Kikurdi. Kabila limerudi kwa mlango wa nyuma: Bombay linatumika kufunga, Sulaymaniyah, mji wa Kurdistan hiyo, linatumika kufungua. Hilo linanifanya niamini kwamba tatizo la 1908 halikuwa uhusiano wa dini na kabila wenyewe. Uhusiano huo upo karibu kila pahali, na watu huishi nao vizuri. Tatizo lilikuwa kuuandika mara moja, kwa mkono wa jaji, kwa ajili ya mali, na kuukabidhi kwa wenye mali wautunze ulivyo.

Kesi ya Goolrokh Gupta ilipanda hadi Mahakama Kuu Kabisa ya India. Desemba 2017, mbele ya benchi ya majaji watano, ambao maswali yao yalionyesha wazi kwamba hawaridhiki na hoja ya dini ya mume, wakili wa wadhamini wa Valsad alisimama na kusema wateja wake wamekubali: ataruhusiwa kuingia kwenye sala za wazazi wake watakapofariki. Swali kubwa, kama mwanamke hupoteza dini yake kwa kuolewa, halikuamuliwa siku hiyo. Miaka miwili baadaye liliunganishwa na maswali mengine ya dini na haki za wanawake ili lisikilizwe na benchi kubwa zaidi.

Ruhusa aliyoipata, basi, ilitoka kwa wadhamini wa wakfu, kwa hiari yao. Ni ya anjumani moja, mji mmoja, na maiti mbili.